Kreti Tano Mlangoni mwa Tribinali

Mimi ni fundi wa nguo, na fundi wa nguo akikutana na mtu humtazama kola kabla ya uso. Ni ugonjwa wa kazi, sina dawa yake. Ndiyo maana siku ile mama mkwe wangu alipomwingiza binti yangu ndani ya tribinali ya mjini kwetu Rumonge, baada ya karibu miezi sita ya mimi kupigania mtoto arudi kulala kwangu, sikulia kama nilivyopanga. Leso nilikuwa nayo, mpya, nimeikunja mara nne. Lakini jicho liliangukia yunifomu ya kaki aliyovaa mtoto, na maneno ya kwanza kunitoka mbele ya mahakimu watatu yalikuwa, "Nani ameshona kola hii?"

Karani wa mahakama, ambaye kwetu tunamwita grefye, aliyaandika kama yalivyo. Mpaka leo yamo kwenye faili, ukurasa wa kwanza, karibu na jina langu. Sioni haya. Kola ilikuwa imekwenda upande.

Yote yalianzishwa na ziwa. Tanganyika ina tabia ya kupanda na kushuka, lakini mwaka ule ilipanda ikasahau kushuka. Nilikuwa nimepanga chumba mtaa wa chini, karibu na ufuo, mimi na binti yangu wa miaka sita. Asubuhi moja ya masika nikashusha mguu kitandani nitafute ndara, ndara ikanipita ikielea kuelekea mlangoni. Binti yangu aliona ni mchezo mzuri kuliko yote aliyowahi kuletewa. Mimi nilikuwa nimebeba vitambaa vya wateja kichwani na kutukana, na sikumbuki nilikuwa namtukana nani hasa.

Kesho yake mama mkwe akashuka kutoka Magara, kijiji cha wavuvi, na pakiti ya ndagala wakavu kwapani, dagaa wetu wa ziwa, maana ndiyo biashara yake na hatembei bila ndagala. Akasimama kwenye maji yaliyomfika kwenye vifundo vya miguu, akakitazama chumba changu juu mpaka chini. "Mutoto hawezi kulala mu maji," akasema. "Nitamuchunga mpaka upate nyumba kavu." Nilimwambia murakoze, asante ya Kirundi, nadhani mara saba. Nilimfungia mtoto nguo zake mimi mwenyewe, nikamkabidhi kwa mikono yangu miwili. Hilo ndilo lililokuwa likinichoma baadaye, kwamba hakuna aliyeninyang'anya.

Mume wangu hakuwepo, na sijui kama nimweke kwenye habari hii au nimwache huko alikojiweka. Alivuka ziwa kwenda upande wa Kongo kutafuta kazi ya mashua, akasema miezi mitatu. Ilipofika miaka mitatu nikaacha kuhesabu. Zilikuja salamu mara mbili kupitia watu, halafu zikaja habari kwamba ana nyumba nyingine, halafu hata habari zikakoma. Mama yake na mimi hatukuwahi kulizungumzia jambo hilo. Nilikuwa namtembelea Noheli na Bonane, yaani Krismasi na Mwaka Mpya, maana wao ni Wakristo na hizo ndizo sikukuu zao, na yeye alikuwa akitutumia samaki siku ya Idi. Tulikuwa na adabu kupita kiasi, kama watu waliokutana kwenye msiba.

Nililala chini ya meza yangu ya kukatia nguo kwa miezi miwili. Kisha nikapata chumba mtaa wa juu, sakafu ya sementi, bati zima, jirani na msikiti. Nikanunua kitanda cha mtoto kwa fundi seremala, nikakitandika shuka niliyoishona mwenyewe, nikapanda kwenda Magara Jumapili ya kwanza nikiimba. Nilidhani nitarudi na mtoto jioni.

Mama mkwe alikuwa ndiyo kwanza ametoka kanisani. "Kula kwanza," akasema. Nikala. Kulikuwa na samaki wa ziwa, mikeke miwili ya kuchoma, mchicha tunaouita lengalenga ulioungwa kwa mawese, na bugali wa muhogo mzito. Nilipomaliza kunawa nikasema nimekuja kumchukua mtoto. Akasema mtoto amezoea. Nikasema nina nyumba kavu. Akasema kavu ya leo, na kesho je? Nikasema mama, kwa heshima zote. Akasema hizo heshima zako zina makelele. Tukapandishiana sauti mpaka mbuzi wa jirani wakahama. Gari lilipokaribia, akanitia mkononi pakiti ya ndagala, nikaipokea huku bado nikigomba, nikarudi Rumonge bila mtoto.

Jumapili iliyofuata nikarudi. Na iliyofuata. Ikawa ratiba. Wiki nzima nikiwa kwenye cherehani nilitunga maneno makali, nikayapanga vizuri, nikayajaribu kwa wateja waliokuja kupimwa suruali. Jumapili nilipanda nayo Magara, nikakuta sahani imeshafunikwa inanisubiri, nikala, nikayamwaga maneno yote, akanijibu la juu kwa la juu, nikarudi na ndagala. Mtoto alikaa katikati yetu akitazama huku na huku, anatafuna. Meno mawili ya mbele yalikuwa yameng'oka na alikuwa amejifunza kupima ndagala kwa kikombe na kuongeza kidogo juu ili mteja arudi. Mama mkwe hakukosa hata siku moja kunipikia, na mimi sikukosa hata siku moja kumgombeza. Ningekuwa na akili ningeliona jambo hapo.

Lakini hasira hasara. Jumapili ya sita au ya saba nikafanya ujinga wa wazi. Mama mkwe alipoingia ndani kuchukua chumvi, nilimbeba mtoto, nikakimbia naye mpaka barabarani, nikasimamisha taksi-moto. Kumbe njia ya kwenda barabarani inapita pale wanawake wanapoanika ndagala, na wale wanawake ni mashoga zake wote. Hawakupiga kelele. Walisimama tu, mmoja mmoja, wakiwa na mafagio yao ya kugeuzia samaki, wakajaa barabarani. Mwenye pikipiki akazima injini. "Fundi," akaniambia mmoja wao kwa upole kabisa, "mutoto hatoki kwa nyokuru, kwa bibi yake, namna ya kuku. Rudia, chakula yako inapoa." Nikarudi. Nilimaliza sahani yangu, ndiyo, na sitaki mtu anicheke, maana samaki alikuwa mtamu na njaa haijui aibu.

Mwezi wa tisa shule zikafunguliwa, na hapo mzaha ukaisha. Tangu siku niliyomzaa binti yangu nilijua jambo moja: yunifomu yake ya kwanza nitaishona mimi. Nimewashonea yunifomu watoto wa nusu ya mji huu. Nilikuwa nimenunua kaki tangu mwezi wa tano, nikamshonea kwa kukisia, na kila Jumapili nilipoona amerefuka nilirudi nikateremsha upindo. Ijumaa kabla ya shule kufunguliwa, mwanamke anayeniletea samaki akaniambia mama mkwe amemwandikisha mtoto shule ya Magara na amekwishamshoneshea yunifomu. Kwa fundi mwingine. Nilizima cherehani. Nilifunga duka mchana kweupe, nikaingia chumbani, nikakaa kwenye kile kitanda kidogo ambacho hakuna aliyewahi kukilalia, na nililia mpaka mwadhini akaadhini na nikashindwa kusimama. Nilimkosa mtoto wangu kwa namna ambayo mwili unajua kabla ya kichwa. Mkono wangu wa kushoto ulikuwa ukiamka asubuhi ukimtafuta.

Wiki hiyo ndipo redio ikaniokoa. Nasikiliza redio za upande wa Kigoma nikishona, na siku hiyo alikuwa akizungumza mwanasheria, mama mwenye sauti ya kutotaka mchezo. Alisema kuna ombi la zamani sana lenye jina la Kilatini. Ukishikiliwa, au mtu wako akishikiliwa, hakimu humwamuru mwenye kumshikilia amlete mbele yake, mzima, kwa miguu yake, kisha aeleze ni kwa haki gani anamshika. Akasema katika nchi nyingine watu hulitumia hata kwa mtoto mdogo aliyezuiliwa na ndugu. Nikatoa mguu kwenye pedali. Nilijirudia maneno yale: amlete, kwa miguu yake, aeleze. Nilimwona kabisa mama mkwe akieleza. Nilicheka peke yangu mpaka mteja aliyekuwa anasubiri zipu akaniuliza kama niko salama.

Ng'ambo ya barabara, mkabala na tribinali, hukaa mzee anayeandikia watu barua na maombi. Alikuwa mwalimu, na kabla ya ualimu alisoma seminari ndogo, ikamtoka lakini Kilatini kikabaki. Nilimweleza nilichosikia. Akavua miwani akaifuta.

"Kwetu jambo lako iko na jina lingine," akasema. "Ni ulezi wa mutoto, garde. Ile ya Kilatini ni ya watu wanashikwa."

"Mwalimu, mtoto wangu ameshikwa."

Akafikiri. "Basi tutaandika ombi la garde, na tutaomba mutoto aletwe mbele ya juji," akasema, na uso wake ukaanza kung'aa. "Lakini juu kabisa nitaweka Kilatini. Miaka arobaini mama, naandika habari za mipaka ya mihogo. Arobaini." Akaandika HABEAS CORPUS kwa herufi kubwa, akapiga mstari chini yake, akaitazama, akapiga wa pili. Hakutaka malipo mengine ila nimgeuzie kola mbili za mashati, zile zilizochakaa upande mmoja, na nilimgeuzia tatu.

Grefye alipolipokea lile ombi aliweka kidole juu yake. "Hii ya hapa juu ni jina la mutoto?"

"Hapana," akasema mwalimu. "Ni Kilatini."

"Inasaidia?"

"Inapendeza."

Grefye akagonga mhuri. Akataka pia uthibitisho kwamba chumba changu hakina maji, kwa hiyo chifu wa mtaa akaja kukagua. Huyu ni mtu wa kazi yake. Alivua viatu mlangoni, akavua na soksi, akatembea kila pembe ya chumba bila viatu, taratibu, akisimama hapa na pale kama anasikiliza. Aliinua godoro la mtoto akapapasa chini. Kisha akaandika kwamba yeye mwenyewe, kwa nyayo zake, amekuta pakavu. Nilitaka kumbusu.

Karatasi ya kumwita mama mkwe ikaenda Magara. Jumapili iliyofuata nilipofika, nikidhani safari hii hakuna sahani, sahani ilikuwepo. Hakusema neno juu ya tribinali. Aliniuliza tu kama mahakimu ni Waislamu au Wakristo. Nikasema sijui, mchanganyiko labda. "Eeh," akasema, akaniongezea mkeke. Sikulala vizuri usiku ule.

Basi siku yenyewe ikafika. Nilikwenda tribinali saa mbili asubuhi na mwalimu wangu, yeye amevaa shati lenye kola iliyogeuzwa, mimi nimebeba leso yangu na yunifomu niliyoshona imefungwa kwenye gazeti. Tukakaa kwenye benchi. Saa tatu tukasikia gari linasimama nje, kisha lingine. Kisha tukasikia chupa.

Lazima nieleze hapa, maana huko mbali mtu anaweza kudhani mama mkwe alikuja kufanya fujo. Kwa Warundi neno la mtoto au la ndoa halisemwi koo likiwa kavu. Familia mbili zikikutana kwa jambo kama hilo, kinywaji hukaa katikati, na kila upande huwa na msemaji, mtu anayejua imisango, yaani ile mizunguko ya maneno ya heshima. Mkono mtupu haulambwi, na mtoto hapelekwi mbele ya watu kama anapelekwa posta. Mama mkwe alikuwa ameambiwa amlete mtoto mbele ya watu. Kwa hiyo aliingia na watu kumi na wawili waliovaa kama wa harusi, shemeji yake mzee mwenye fimbo kama msemaji, na kreti tano. Fanta tupu, hakuna bia hata chupa moja, kwa sababu mimi ni Mwislamu na yeye hajawahi kunikosea hapo.

Grefye alitoka mbio. "Hapana," akasema. "Hapana, hapana. Hii mbele ya juji inaitwa rushwa. Toa."

"Rushwa ni ya kufichwa," akasema mama mkwe. "Miye nimeleta mbele ya watu yote."

Kreti zikarudishwa mpaka mlangoni, na hapo zikakwama, kwa sababu wale kumi na wawili walikuwa bado wanaingia na hakuna aliyetaka kurudi nyuma. Zikabaki pale kizingitini, tano, zikitoa jasho la baridi. Na hapo ndipo nilipomwona binti yangu, ndani ya kaki ya fundi mwingine, na ndipo nikasema lile neno la kola.

"Ni fundi wa karibu na kanisa," akanijibu mama mkwe, mbele ya mahakimu wote. "Nilijua utaikasirikia."

Hakimu wa katikati, mtu mnene mwenye asili ya milimani, akaomba tuketi. Akauliza nani anazungumza kwa niaba ya mama huyu. Msemaji wao akasimama, akaegemea fimbo, akakohoa kwa heshima. Akasema wao walikuwa wanapita tu njiani, jua likawachoma, wakaona nyumba nzuri yenye bendera, wakajiambia hapa hapakosi watu wema. Akasifu mlima wa upande huu, ng'ombe wa upande huu, mvua ya upande huu. Hakimu wa kushoto akachungulia saa yake. Lakini yule wa katikati, nilimwona kwa macho yangu, midomo ilianza kumcheza. Mtu aliyekulia kwenye maneno yale hawezi kuyasikia akakaa kimya.

"Mumetembea mbali," akasema hakimu. "Nyumba hii haina ng'ombe, iko na faili tu. Lakini aliyekuja kwa amani haulizwi mara mbili. Mutoto ya nani huyu muko naye njiani?"

Wale kumi na wawili wakapiga makofi. Msemaji akasema swali hilo ni zito, litajibiwa vizuri koo likilainika, na akageuka kutazama mlangoni. Hakimu akasema katika nyumba yake koo hulainishwa na ukweli. Wakapiga makofi tena. Kisha wote wakanigeukia mimi, wakisubiri msemaji wangu.

Nilikuwa sina. Wazazi wangu wameshakufa, kaka yangu yuko Nyanza-Lac kwenye michikichi na hakuweza kuja. Mwanamke bila wa kumsemea, mbele ya ukoo mzima wa mume, ni jambo la kutia huruma, na mimi huruma siipendi. Nikampiga mwalimu kumbo. Alisimama, hajui imisango hata kidogo, amekulia mjini na seminari. Halafu akasema kwa sauti kubwa kitu kirefu cha Kilatini, mwanzo mpaka mwisho, akakaa. Baadaye alikiri kwangu kwamba ilikuwa sala ya kabla ya chakula. Lakini iliingia ukumbini kwa uzito, na msemaji wao akainamisha kichwa kumpa heshima yake. Niliiuma leso nisicheke. Nilikuwa na hofu, na bado kicheko kilinijaa mpaka masikioni.

Hakimu akainua mkono, na sauti yake ikabadilika. Akamtazama mama mkwe moja kwa moja. Akasema ombi linadai amemshikilia mtoto. Mama yake yuko hai, ana kazi, na chifu wa mtaa ameshuhudia nyumba kavu kwa nyayo zake. Sasa aeleze mwenyewe, bila msemaji: anamshika mtoto kwa nini?

Haya ndiyo niliyokuwa nikiyangoja tangu siku ya redio. Nilikaa wima. Nilitaka kumwona akikosa maneno.

Mama mkwe akasimama, akajifunga upya kitenge chake. "Bwana juji, miye sijamufunga mutoto. Mulango yangu haina hata kufuli." Alipoendelea hakuwa akimtazama hakimu, alikuwa akitazama mikono yake. "Kijana wangu alivuka ziwa, hakurudia. Huyu mukazana wangu, muke wake, alikuwa anakuja Noheli na Bonane, basi. Anakaa kidogo, anasema murakoze, anaenda. Nikasema, siku moja ataolewa kwingine, ataenda na mutoto, nitabakia na ndagala. Halafu maji ikaingia kwake, mutoto akakuja kwangu, na yeye akaanza kuja kila dimanshi. Kila Jumapili, bwana juji. Anagombana, lakini anakula. Nilikuwa nakaa nangojea makelele yake tangu samedi, tangu Jumamosi." Akanionyesha kwa kidevu. "Miye sikushika mutoto. Nilishika huyu."

Hakuna aliyepiga makofi. Nilihisi haya zikinipanda usoni, na chini ya haya kulikuwa na furaha, na niliikasirikia furaha hiyo kwa sababu haikuniomba ruhusa. Sahani zote zile. Mimi nilidhani nakwenda vitani, kumbe naalikwa. Leso yangu mpya hatimaye ikapata kazi.

Mahakimu wakainamiana, wakanong'ona. Wa kushoto alikuwa na kitabu cha sheria wazi. Kisha wa katikati akasoma uamuzi. Mtoto arudi kwa mama yake, alale kwa mama yake, asome shule ya karibu na mama yake, kuanzia leo. Nilisikia "leo" na sikusikia tena kitu kwa muda. Niliporudiwa na masikio, hakimu alikuwa akimuuliza mama mkwe ni siku gani ana nafasi ya kutembelewa na mjukuu, ili iandikwe.

"Wakati ya mbalamwezi," akasema mama mkwe. Na pwani nzima ya hapa ingejibu hivyo hivyo. Wavuvi wetu huwavuta ndagala kwa taa, na mbalamwezi ikiwa kali samaki hawafuati taa, basi mitumbwi hupumzika na wanaoanika hupumzika nayo. Siku nyingine zote wako juani na mafagio.

Hakimu wa kushoto akasema hilo halimo kwenye sheria. Grefye akauliza aandike tarehe gani. Hakimu wa katikati akasema andika hivi: Jumamosi na Jumapili mitumbwi ya Magara inapokuwa imepumzika, mtoto atakuwa kwa bibi yake. Grefye akaandika huku akitikisa kichwa.

Mama mkwe alikuwa bado amesimama. "Na huyu mukubwa?" akauliza, akinionyesha tena kwa kidevu.

"Huyo ni mutu mukubwa, mama," akasema hakimu kwa upole. "Tribinali haina nguvu juu yake."

Kreti zilifunguliwa nje ya uzio, kwa amri ya hakimu, na kwa sharti kwamba mtu wa tribinali asionje hata tone. Grefye alisimama dirishani akitutazama tukinywa, maskini, na jua lilikuwa kali. Binti yangu alikunywa ya machungwa akaimwagia kaki yake. Nikamvua palepale nimvalishe ile niliyomshonea mimi, na ikamfika juu ya magoti, pamoja na mipindo yote niliyoteremsha. Nilikuwa nikikisia mtoto wa Jumapili, na yeye alikuwa akikua siku zote saba. Nikaichukua ya fundi wa kanisani, nikaifumua kola, nikaiweka upya usiku ule, na ndiyo aliyoendea shule. Mwili wa nguo ulikuwa umeshonwa sawa, lazima niseme ukweli. Kola tu.

Wiki mbili baadaye mitumbwi ikapumzika. Jumamosi asubuhi nilimvalisha mtoto, nikabeba kreti moja ya fanta, maana na mimi nimefunzwa, tukapanda Magara. Nilikuwa nimemwambia mapema kwa simu: nitamshusha mtoto nirudi na gari lilelile, nina suruali kumi za kumaliza. Tulipoingia uani hakukuwa na ndagala hata mmoja mkekani, na wale wanawake wa mafagio walikuwa wameketi kivulini wakisukana nywele. Wakanipungia mkono.

Mezani kulikuwa na sahani tatu zilizofunikwa.

"Mama," nikasema, "karatasi ya tribinali imesema mtoto tu."

"Miye sijui kusoma," akasema. "Kaa."

Nikakaa. Samaki alikuwa amezidi chumvi kidogo. Nikamwambia, naye akanijibu, na tuligombana vizuri mpaka gari la mwisho likapita.